Jogoo wa Mama na Mkasi wa Kahawa

Jumatatu, 3 Juni 2013. Heru Juu.

Dada yangu Immakulata amepiga simu kutoka Kibondo. Habari mbaya: ugonjwa wa kideri umemaliza kuku wake wote. Habari njema: anakuja Jumapili kumchukua jogoo.

Jogoo ni wake. Alinipa nimlelee mwaka juzi, kwa ule utaratibu wetu wa kuragizana. Mnyama wako anakaa kwangu, nafaidi uzao wake, lakini baya lolote likimpata nitakujibu mimi. Kwetu Burundi tuliragizana ng'ombe. Huku ugenini tumeshuka hadi kuku.

Ila huyu si kuku wa hivihivi. Mwaka 1972, tulipovuka mpaka juu kule Munanila, mama alibeba vitu viwili: sufuria na tetea ndani ya kapu. Sufuria ilitoboka zamani. Tetea alitaga, akaangua, watoto wake nao wakaangua. Mama mwenyewe hayupo tena. Vifaranga vya jogoo huyu nimeshauza vyote, na wa ukoo ule amebaki yeye mmoja, mwekundu, shingo ya dhahabu, na yuko bandani kwangu. Immakulata ameshanunua matetea wawili wanaomngoja. Jogoo akifa kabla hajafika kwao, mama atakuwa amevuka na sufuria tu.

Nimemhakikishia dada kwamba jogoo ni mzima kuliko mimi. Ni kweli. Ila mdomo. Mdomo wa juu umerefuka kidogo na kupinda, umezidi wa chini. Jirani yangu Tharsisi, katekista, mtu asiyechoka kusema hata akishatoka kanisani, aliniuliza mbele ya watu kama siku hizi nafuga kasuku. Watu walicheka sana. Nami nilicheka, kwa kulinda heshima.

Immakulata hatakuja kuchukua kasuku. Nina mpango.

Jumanne, 4 Juni.

Nimefungua kijitabu changu cha ufugaji, cha Kifaransa. Hiki nilikibeba mimi mwaka ule ule, chini ya shati. Kila mtu alibeba alichoona cha lazima. Kinasema wazi: ncha ya mdomo wa kuku ni kama ukucha, imekufa, haina damu, ikizidi hupunguzwa. Ukurasa unaofuata umeliwa na mchwa. Si kitu. Mwandishi mzuri huweka jambo la msingi mwanzoni.

Jioni nimeazima mkasi wa kupogolea kahawa kwa Tharsisi. Akataka kujua wa nini, wakati sina hata mche mmoja wa kahawa. Nikasema ua wangu umechakaa, nataka kuupunguza. Akasema tangu tuwe majirani hajawahi kuniona nikigusa ua, akauliza kama ninaumwa. Nikamuaga kwa adabu.

Mkasi ni mkali. Nimeujaribu kwenye kamba ya mbuzi. Mbuzi ameonekana karibu na kanisa.

Jumatano, 5 Juni.

Josepha, mke wangu, alitoka mapema kwenda kupura maharage kwa dada yake. Afadhali. Ana tabia ya kuuliza.

Nikamfunga jogoo ndani ya kitenge, kichwa tu nje, kama mtoto wa ubatizo. Nikapima kwa jicho. Miwani ilikuwa ndani, lakini mtu aliyesahihisha daftari za watoto miaka yote ile hahitaji miwani kuona ncha ya mdomo. Nikabana mkasi.

Mungu wangu! Damu! Si tone. Damu ya kweli, inatoka mdomoni kama kuna mtu anaisukuma! Jogoo akapiga kelele ambayo sijawahi kuisikia kwa kuku. Kelele yangu mimi siiandiki.

Hapa sina budi kujisifu. Sikuyumba. Nilichukua kitambaa safi, nikabana kidonda na kushikilia bila kufunuafunua kuchungulia, huku nikisali fungu zima la rozari. Nilipoachia, ilikuwa inatiririka kidogo tu. Nikapaka unga mkavu wa muhogo, nikabana tena. Ikakata! Vidole vyangu havikutetemeka, ila mwanzoni, katikati na mwishoni.

Laiti ningeishia hapo. Nilitafuta kitu cha kufungia unga usidondoke. Nikapata utepe wa Krismasi. Mwekundu, ili damu ikitoka tena isimtie Josepha hofu. Nikaona huo ndio utu. Kisha nikamrudisha jogoo bandani, apate faraja ya wenzake.

Matetea walimtazama. Mmoja akadonoa utepe. Wa pili akadonoa utepe. Halafu wote kwa pamoja! Kumbe kuku akiona chekundu usoni pa mwenzake hana huruma wala haya, hata kama ni mumewe. Nilimtoa akiwa anavuja damu upya, utepe umo tumboni mwa tetea mweusi. Kitambaa tena. Unga tena. Rozari tena, fungu la uchungu.

Sasa amelala jikoni, peke yake, chini ya tenga. Ncha iliyokatika nimeiweka ndani ya kiberiti kitupu. Ng'ombe uliyeragizwa akipatwa na jambo, unampelekea mwenyewe ngozi, ajue hukumuuza. Kuku hana ngozi ya maana. Immakulata atapata kiberiti. Sheria ni sheria.

Josepha amerudi na kuona damu kwenye jiwe la kufulia. Akauliza. Nikajikuta nimesema jogoo mweupe wa Tharsisi aliruka ua akamshambulia wa kwetu. Sijui neno lilitoka wapi. Lakini lilitoka vizuri, sauti haikupanda, nimeona niliache.

Alhamisi, 6 Juni.

Josepha hakuliacha. Alfajiri amekwenda kwa balozi wetu wa nyumba kumi kumshtaki Tharsisi. Nimeoa mwanamke wa Heru Juu. Huku jambo halilali.

Balozi akatuita sote chini ya bati lake. Nikaeleza. Nilieleza vizuri, na kwa kuwa watu walikuwa kimya nikaongeza vumbi, mbawa, na namna jogoo mweupe alivyonitazama kabla ya kuruka. Tharsisi akasikiliza hadi mwisho. Kisha akauliza kwa upole:

"Mwalimu, una hakika ni mweupe wangu?"

Nikasema ningemtambua hata gizani.

Akasema basi huo ni muujiza, na yeye kama katekista itabidi apeleke taarifa parokiani. Jogoo wake mweupe alikwenda Munanila Ijumaa iliyopita, ndani ya tenga, kwenye ubatizo wa mjukuu. Aliliwa siku hiyo hiyo. Firigisi alipewa baba mkwe, na baba mkwe yupo hai, apigiwe simu.

Balozi akakohoa. Josepha hakunitazama. Hilo ni baya kuliko kunitazama.

Nikasema basi huenda alikuwa kipanga. Wapo vipanga weupe. Balozi akasema kipanga hawezi kuitwa shaurini, kesi imekwisha, na akaomba yeyote mwenye mkasi wa mwenzake aurudishe. Sijui kwa nini alisema hivyo.

Mchana nimempaka jogoo dawa ya zambarau, ile wanayopaka watoto wenye vidonda vya mdomo. Mantiki safi: dawa inaua vijidudu, na rangi inaficha damu ili kuku wasidonoe. Ila jogoo alitikisa kichwa. Sasa ana zambarau mdomoni, kwenye upanga wa kichwani, shingoni, na mimi ninayo hadi kwenye viwiko. Tharsisi amepita, amevua kofia, ameuliza kama Baba Askofu ameamkaje.

Jina limeshika. Hata Josepha anamwita Askofu.

Ijumaa, 7 Juni.

Askofu hali! Anadonoa mahindi, mdomo wa juu haufiki, punje inaruka pembeni. Anadonoa tena. Anatazama punje kama mzee anayetafuta jina la mtu. Tangu Jumatano hajameza kitu, na kifua ukikishika ni mfupa mtupu. Kesho kutwa dada yuko hapa. Nimeogopa sana kwa robo saa. Kisha nikapata wazo.

Mtu akikatika mguu anawekewa wa mti. Kwa nini si mdomo? Nikachukua kifuniko cha kalamu ya bluu, nikakichonga kwa wembe hadi kikapata umbo. Kazi nzuri, kusema haki. Nikatoa supaglu ya kuunganishia soli. Tone moja kwenye kifuniko. Nikabandika, nikashikilia ili ikauke.

Ikakauka. Kifuniko kilidondoka. Kilichobaki kimegandana na mdomo wa Askofu ni kidole gumba changu.

Josepha alikuwa bado hasemi nami, kwa hiyo nisingeweza kumwomba msaada bila kuvunja kimya ambacho nilikuwa nakishinda. Nikapanda bodaboda kwenda mjini Kasulu, kwa Abbasi muuza duka, aliyeniuzia ile gundi. Dereva akauliza kama huyo jogoo atalipiwa nauli. Nikamwambia atazame barabara.

Nilisahau ni Ijumaa. Duka limefungwa, Abbasi yuko msikitini. Nikakaa barazani pake, jogoo wa zambarau mapajani, kidole kwa mdomo, kama wachumba wanaopigwa picha. Swala ikaisha. Watu wote wakapita mbele yangu. Wananijua, nusu yao nimewafundisha kusoma. Kila mmoja akasalimia na kunyoosha mkono, na mimi mkono wa kulia alikuwa nao Askofu.

Abbasi alipofika alisimama, akatutazama mmoja baada ya mwingine. Akasema, "Maalim, kheri. Ndoa mmefunga lini, hatukualikwa?"

Lakini ni mtu mwema. Alileta maji ya vuguvugu yenye sabuni, na mafuta ya nazi anayotumiwa na mama yake kutoka Tanga. Akapaka kidogo kidogo pembeni ya kidole, akazuia pua ya jogoo isiingiwe, akanivuta taratibu huku akinisimulia habari za mama yake hadi nikasahau kuogopa. Ngozi kidogo ilibaki kwa Askofu. Tumechanjiana undugu.

Akapita Philemon, bwana mifugo, kijana wa Mbeya aliyeletwa huku na serikali, ananunua soda. Akamshika Askofu, akamfungua mdomo, akauliza nani aliyekata. Nikasema hilo bado linachunguzwa. Akasema ndani ya mdomo mna nyama hai na mishipa, ni ncha kabisa tu iliyokufa, na huyu amekatwa ndani. Damu imekata vizuri, aliyebana alibana sawasawa. (Nimemwomba arudie hilo mbele ya Abbasi. Alirudia.) Mdomo utaota wenyewe, baada ya wiki kadhaa. Nisimbandike chochote. Nimtenge na wenzake. Chakula kilainike kama uji mzito, kiwekwe ndani ya bakuli la kina ili achote badala ya kudonoa, maji pia ya kina. Na asisafirishwe mpaka ale mwenyewe bila taabu. Barabara ya Kibondo itamtikisa kidonda kifumuke.

Asisafirishwe! Na Immakulata anakuja na tenga lake.

Jumamosi, 8 Juni.

Askofu amekula! Pumba iliyolowekwa, dagaa waliotwangwa, uji kidogo wa muhogo. Alitumbukiza uso wote kwenye bakuli, akanyanyua kichwa, akameza. Mara ya pili. Mara ya tatu. Nilimwita Josepha bila kukumbuka kwamba hatusemezani. Akaja, akachutama nami, tukamtazama hadi bakuli likawa tupu. Akasema nina bahati. Nikasema ni tiba. Akasema bahati.

Mchana nimekwenda sokoni Kasulu kwa jambo la siri. Nilimkuta mchuuzi kutoka Kagerankanda, ana matenga matatu, na katika tenga la katikati yupo jogoo mwekundu, shingo ya dhahabu, mdomo timamu. Pacha! Immakulata hajamwona wa kwake miaka miwili. Asingetambua. Tungekunywa chai, angeondoka Jumatatu ameridhika, na Askofu angepona kwangu taratibu bila mtu kuumia.

Nilimshika yule jogoo kwa muda mrefu. Mchuuzi akaniuliza, mzee, unamnunua au unamwombea?

Nikamrudisha. Nilikuwa nimemkumbuka mama siku ile ya mpakani, mvua inanyesha, amefunua kapu kidogo na kuingiza mkono kuangalia kama tetea bado ana joto. Sisi hakutushika, tulikuwa wakubwa, tulitembea. Kuna uongo ambao hata mimi siuwezi.

Basi nimetunga mwingine. Kipanga mweupe nimemwacha. Nitasema mlango wa banda ulipigwa na upepo ukambana mdomo. Mlango hauna jogoo aliyeliwa Munanila wa kuutetea.

Jumapili, 9 Juni.

Immakulata ameshuka kwenye basi akiwa na vumbi la Kibondo hadi kwenye kope, na tenga jipya mkononi. Amenenepa. Anacheka kama mama, kwa mabega. Josepha akamkumbatia, wifi kwa wifi, wakaanza kunisema kabla sijapokea mzigo.

Nikamkalisha. Nikampa maji. Nikasimulia habari ya mlango na upepo, kwa kituo, kama ninavyosimulia historia. Kisha, kwa mujibu wa mila, nikasimama na kumkabidhi kiberiti kwa mikono miwili.

Akakifungua. Akaitoa ncha, akaiweka kwenye kiganja, akaipeleka dirishani. Akaigeuza. Akaniuliza, kwa Kirundi, tena kwa sauti laini sana, kama siku hizi upepo wa Heru Juu unakata kitu wima namna hii, pande zote mbili, bila ufa. Nikasema upepo wa huku una nguvu. Akasema, "Musaza wanje," yaani kaka yangu, "nimepogoa kahawa ya baba tangu nikiwa na miaka saba. Huu ni mkasi."

Dakika hiyo hiyo Tharsisi akabisha hodi. Amekuja kumsalimu mgeni, na kama mwalimu amekwisha kupunguza ua, ameomba mkasi wake.

Immakulata hakupiga kelele. Afadhali angepiga. Alikwenda jikoni, akainua tenga, akamwona jogoo wa mama: nusu mdomo, rangi ya Kwaresima. Akakaa chini na nguo zake nzuri. Akampakata, akaingiza mkono chini ya bawa, akakaa hivyo, anapima joto. Nikasimama mlangoni. Mara hii sikutunga kitu.

Mwishowe akauliza, "Anakula?"

Nikakimbia kuleta bakuli. Askofu, Mungu ambariki, akatumbukiza uso wote, akala kama askari, akamrushia dada pumba puani. Mabega ya Immakulata yakaanza kutikisika. Nilidhani analia. Alikuwa anacheka. Halafu alilia kidogo pia, na Josepha akanitoa nje.

Nikamweleza maneno ya bwana mifugo kuhusu safari. Nilitegemea aseme atarudi mwezi ujao. Akatazama tenga lake tupu, akampigia simu mwanawe Kibondo awalishe wale matetea wawili. Akasema hamwachi jogoo huyu tena mikononi mwangu hata siku moja. Atakaa mpaka mdomo uote.

Anaiita adhabu. Nimeinamisha kichwa kama mtu aliyeadhibiwa.

Alhamisi, 27 Juni.

Sijaandika siku nyingi. Sikupata nafasi.

Tangu tulipoachana njia mwaka 1972, yeye Kibondo, mimi Kasulu, dada na mimi tulikuwa hatujalala nyumba moja zaidi ya siku mbili, na hizo zilikuwa za misiba. Sasa kila jioni tunaloweka pumba na kubishana. Yeye anasema mto wa chini ya kilima chetu ulikuwa na mawe matatu ya kuvukia, mimi nasema manne. Anasema baba alikuwa mfupi. Baba, mfupi! Jana ameimba wimbo wa mama wa kuitia kuku, wote ule, ambao mimi nilidhani nimeupoteza, na Josepha ameuandika kichwani na leo asubuhi kuku wa Heru Juu wameitwa kwa Kirundi kutoka shambani. Wamekuja.

Tharsisi naye ameanza kupita kila siku, eti kumjulia hali Baba Askofu. Anakaa, anakunywa chai, anamwambia dada kwamba kaka yake ni mtu wa fikra nyingi. Simwelewi, lakini chai ananywa taratibu, na anajua kucheka.

Leo Philemon amepita kwa pikipiki. Akamkagua. Mdomo umeota karibu wote, mgumu, safi, haujapinda hata kidogo. Zambarau imebaki kwenye manyoya mawili. Askofu ameokota punje za mahindi mbele yake, moja moja, bila kukosa, kisha amewika hadi mbuzi akasimama. Philemon amesema anaweza kusafiri hata kesho. Immakulata amepiga makofi. Ameulizia basi. Ameleta lile tenga jipya kutoka stoo, ametandika majani.

Nimefurahi. Niandike wazi kwamba nimefurahi. Kazi ya tiba imefanikiwa kwa asilimia mia, na nadhani wilaya nzima hakuna mwingine aliyesimamisha damu ya mdomo wa kuku kwa rozari na unga.

Lakini jioni, nilipokuwa namtazama Askofu akizunguka tenga lake, nikaona kitu ambacho wote hawajakiona, hata Philemon. Vipi vyake! Ile miiba ya miguuni, nyuma, juu ya vidole. Ni mirefu mno. Ndani ya tenga, kwenye barabara mbaya ile, atajichoma mwenyewe. Si salama kabisa. Mtu mwenye dhamana hawezi kumruhusu kuku aondoke na vipi vya namna ile.

Nimemtumia Abbasi ujumbe aniwekee msumeno mdogo wa kukatia chuma. Kesho mapema, kabla ya basi, nitapunguza kidogo tu.

Josepha alikuwa anaanua nguo za wifi yake ili azikunje kwa safari ya kesho. Nimemwambia aziache kwenye kamba.